Muhadimu, Mshirazi, Mzanzibari: namna ya kulifuata jina la watu mpaka kwenye mzizi wake

Neno Muhadimu limetoka kwenye Kiarabu khadim, yaani mtumishi. Hilo ni kweli na ubishi wake ni mdogo. Lakini anayeishia hapo, akaandika kwamba watu wa kusini na mashariki ya Unguja "asili yao ni watumishi", ameandika uongo kwa kutumia ukweli. Wahadimu walikuwa watu huru wenye ardhi yao, chini ya Mwinyi Mkuu, mtawala wao wa kienyeji, ambaye kasri yake ilikuwa Dunga. Walimtolea kodi na siku za kazi, na jina wakabandikwa na waliowatazama kutoka nje. Nenda Makunduchi leo: mtu atakwambia yeye ni Mmakunduchi, na lugha yake ni Kikae, lugha ya kale.

Mara nyingi mzizi wa jina humweleza aliyelitoa kuliko aliyelibeba. Kwa hiyo anayechunguza jina la watu ana maswali matatu ya kujibu, na "maana yake nini" ni mlango tu wa kuingilia. Nani kalitoa? Lini limeonekana kwenye maandishi? Na wenyewe walilipokea lini, kama walilipokea?

Vifaa ni vichache: daftari, kamusi mbili au tatu za vipindi tofauti, na mtu anayesoma hati za Kiarabu bila kubahatisha. Kazi ya jina moja usiipangie siku mbili. Wiki tatu ni kiasi cha kutosha ukiwa karibu na maktaba, na ukiwa Pemba ongeza nauli ya boti, maana Nyaraka za Taifa za Zanzibar ziko Kilimani, Unguja.

Livue jina nguo zake

Anza kwa kuliandika jina katika sura zake zote: mtu mmoja, watu wengi, nchi, lugha, tabia. Mpemba, Wapemba, Pemba, Kipemba. Mswahili, Waswahili, Uswahilini, Kiswahili. Kisha ondoa kiambishi cha mbele (m-, mw-, mu-, wa-, ki-, u-) utazame kilichobaki.

Sasa angalia mwisho wa neno. Kiarabu na Kiajemi humfanya mtu wa mahali kwa kuongeza -i nyuma: wa Shiraz ni Shirazi, wa Zanjibar ni Zanjibari, wa sawahil ni sawahili. Kiswahili nacho hufanya kazi ile ile kwa kuongeza m- mbele. Mshirazi, Mzanzibari na Mswahili kwa hiyo wamevaa kanzu mbili, moja ya kigeni nyuma na moja ya kwetu mbele. Hiyo ni dalili kubwa kwamba jina lilipita kwanza kwenye midomo ya wageni ndipo likarudi kwetu. Mpemba na Mtumbatu hawana kanzu ya nyuma: ni jina la kisiwa na m- yake, basi.

Dalili hii hudanganya pale -i inapokuwa sehemu ya jina lenyewe. Jaribio lake ni jepesi. Ondoa -i uone kama kinachobaki ni jina la mahali linalojulikana. Shiraz ipo, iko Iran. Makunduch haipo. Basi Mmakunduchi hana nisba ya Kiarabu, yaani hiyo -i ya nyuma, hata kidogo, na aliyemtafutia mzizi wa Kiarabu atapoteza wiki nzima.

Katika hatua hii hii andika pia jina linatumiwaje nje ya maana yake ya kwanza. Bara, mwenye duka aliyetoka Jang'ombe ya Unguja anaweza kuitwa Mpemba bila ya kuwahi kukanyaga Chake Chake. Mjini, "mambo ya Kiswahili" husemwa kwa ubabaishaji na maneno mengi. Na mtoto wa mama wa Unguja na baba wa Dodoma ataitwa kwa utani Mzanzibara. Matumizi haya hayakwambii asili ya jina, lakini yanakwambia jina lina uzito gani leo, na utauhitaji ujuzi huo utakapofika kwa wazee.

Tafuta lilipoandikwa kwanza

Kwa visiwa vyetu, maandishi ya zamani yenye faida kubwa ni ya wanajiografia na wasafiri wa Kiarabu. Al-Jahiz wa Basra, aliyefariki 868 au 869, aliwataja Wazanji, watu weusi wa pwani hii, wa Kanbalu na wa Lanjuya (ndiyo Unguja, kama utakavyoona mbele). Al-Masudi, aliyesafiri pwani hii mwanzoni mwa karne ya 10, aliandika juu ya Kanbalu na Waislamu wake, na wengi wanaiweka Kanbalu hiyo Pemba, upande wa Ras Mkumbuu. Yaqut al-Hamawi, aliyefariki 1229, alieleza kwamba watu wa Lanjuya walikuwa wamehamia kisiwa kiitwacho Tumbat, na kwamba watu wake ni Waislamu. Pemba kwa waandishi wa Kiarabu ilijulikana pia kama al-Jazira al-Khadra, kisiwa cha kijani. Ibn Battuta alipita 1331, na alipoitaja Mombasa alisema iko mwendo wa siku mbili kutoka nchi ya Sawahil.

Watu huharibu sana kwenye miaka. Mwaka wa Hijria ni mfupi kuliko wa Miladia kwa kiasi cha siku 11, kwa hiyo huwezi kuongeza 622 tu. Toa 3 katika kila 100, ndipo uongeze 622. Maandishi ya Kufi, hati ya kale ya Kiarabu, kwenye msikiti wa Kizimkazi Dimbani yana mwaka 500. Toa 15, inabaki 485. Ongeza 622, unapata 1107, na ndio mwaka wenyewe. Aliyeongeza 622 kavu kavu atapata 1122, akakosea miaka 15, na kosa hilo litanakiliwa na kila atakayemsoma. Hesabu hii ya haraka haikosei zaidi ya mwaka mmoja. Ukitaka mwezi na siku, tumia jedwali la kubadilishia tarehe.

Na ukishapata tarehe, uliza inashuhudia nini. Ile ya Kizimkazi inashuhudia kwamba 1107 palikuwa na Waislamu wenye uwezo wa kujenga msikiti na kumlipa fundi wa kuchonga hati. Haishuhudii kwamba watu hao walijiita Washirazi. Mambo hayo mawili huunganishwa kila siku, na hata kuta zinazoonekana leo sehemu kubwa zilijengwa upya karne ya 18.

Sauti kwanza, hadithi baadaye

Chukua hilo Lanjuya ulitazame kwa karibu, kwa sababu linafundisha namna ya kuyasoma yote.

Mbele kuna L. Kiarabu hutanguliza al- kwenye majina mengi ya mahali, na mnakili anayesikia jina geni hushikanisha lamu (herufi L) ya al- na jina lenyewe. Iondoe: inabaki Anjuya au Unjuya, maana irabu fupi haziandikwi na msomaji hujaza mwenyewe. Kiarabu fasihi hakina sauti ya g kama ya "ngoma", kwa hiyo mwandishi huazima herufi iliyo jirani, mara nyingi jimu (j). Irudishe g: Unguya. Inabaki y ya mwisho, na hapo uliza lahaja. Kiamu, lahaja ya Lamu, husema moya pale Kiunguja kinaposema moja, na kuya pale sisi tunaposema kuja. Unguya na Unguja ni neno moja katika midomo miwili. Kila hatua imefuata kanuni inayoonekana pia kwenye maneno mengine, na hicho ndicho kinachotofautisha uchunguzi na kubahatisha.

Zanzibar inapita njia hiyo hiyo. Kiajemi zang au zangi lilitumika kwa watu weusi, na bar ni pwani au nchi, kama kwenye Malabar ya India. Zang ikaingia Kiarabu, g ikawa j: Zanj, na kwa kuwa irabu haikuandikwa wengine wakasoma Zinj. Wazungu wakaizungusha tena ikawa na z mbili. Wapo wanaosema hiyo bar ni ya Kiarabu barr, nchi kavu. Kwa vyovyote unafika kwenye "nchi ya weusi", na nchi hiyo mwanzoni haikuwa kisiwa kimoja bali mkono mrefu wa pwani. Jina lilisinyaa karne kwa karne mpaka likabaki kwetu. Ukisoma "Zanj" kwenye kitabu cha karne ya 9 usikimbilie kuandika "Zanzibar".

Jihadhari pia na majina pacha. Yemen kuna mji unaoitwa Zinjibar, katika jimbo la Abyan, na anayetafuta kwenye intaneti kwa Kiarabu huleta habari za kule akidhani ni za hapa.

Baada ya sauti ndipo uzisikilize hadithi. Tunazo nyingi na tamu. Mswahili eti ni "siwa hili". Unguja eti ni "ungo" na "jaa", kwa neema ya kisiwa. Zanzibar eti ni nchi ya tangawizi, kwa sababu tangawizi kwa Kiarabu ni zanjabil. Kila hadithi ipitishe kwenye milango minne: sauti, sarufi, tarehe na eneo.

"Siwa hili" inapita mlango wa sarufi vizuri kabisa, maana siwa ni kisiwa kikubwa na hili ndilo neno lake. Sauti nayo si mbaya. Inakwama kwenye tarehe na eneo: Sawahil ni wingi wa sahil, ufukwe, na karne ya 14 neno hilo tayari linataja nchi ya pwani, hali siwa ni moja tu na liko baharini. Ungo hauvuki hata mlango wa kwanza. Hakuna kanuni ya Kiunguja inayogeuza o ya mwisho kuwa u, na ungo ukijaa husema "umejaa", huwezi kuukatia kiambishi upendavyo. Tangawizi ndiyo inayowadanganya wasomi, kwa kuwa zanjabil na Zanjibar yanafanana kweli. Zanjabil lilikuja Kiarabu kutoka lugha za Kihindi kwa njia ya Kiajemi, likiwa na mzizi wake, na wala halihusiani na zangi. Kufanana kwa maneno mawili ni sababu ya kuanza kuchunguza tu.

Hadithi iliyoshindwa usiitupe. Iandike ukurasa wa pili wa daftari na aliyeisimulia, kwa sababu inaonyesha watu wanavyotaka jina lao lisikike. Nani angependa kuitwa jina ambalo maana yake ni rangi ya ngozi aliyoiona mgeni, akaacha ungo uliojaa?

Kwa wazee

Anza kwa sheha, kiongozi wa shehia, yaani mtaa au kijiji, na barua yako ya utambulisho mkononi. Ukienda moja kwa moja majumbani kuuliza habari za kabila utaonekana mpelelezi, na una haki ya kuonekana hivyo: hapa swali la kabila limebeba siasa za kabla ya 1964, na sensa za 2012 na 2022 halikuulizwa. Kwa hiyo usiulize "bibi, wewe kabila gani?" Salimia kwa utulivu, shikamoo yako na hali za nyumbani, kaa, kisha uliza mahali na watu: "Bibi, nyinyi watu wa huku mkijiita nani? Na wa Tumbatu wakikuiteni nani? Na nyinyi wao mkiwaita nani?" Maswali hayo matatu yanakupa jina la ndani, jina la nje, na jina wanalowapa jirani. Ukifika Jongowe au Gomani, huko Tumbatu, ligeuze swali liwe la upande wa pili.

Wazee sita kwa jina moja wanatosha kuanzia, wanawake wasipungue watatu, na watoke vijiji viwili angalau. Dakika 40 kwa kila mmoja. Zaidi ya hapo mzee anachoka na anaanza kukupa unachotaka kusikia. Rekodi kwa ruhusa, na uandike neno kama lilivyotamkwa. Usilisanifishe. Mwanafunzi anayesahihisha matamshi ya Kikae au Kitumbatu yawe ya Kiswahili cha skuli amefuta ushahidi wake mwenyewe: Kiswahili Sanifu kiliundwa juu ya Kiunguja cha mjini kuanzia 1930, na tofauti unazozitafuta ziko nje ya hicho.

Wakikusimulia hadithi moja kwa maneno yale yale, mpaka mpangilio wa sentensi, basi hujapata mashahidi sita. Umepata mmoja, na huenda ni redio au kitabu cha skuli. Muulize kila mzee alilisikia kwa nani na akiwa na umri gani.

Majina ya nje yana hila yake. Wanyamwezi walipata jina hilo kwa watu wa pwani, watu wa mwezi, yaani wa upande wa magharibi unakoandamia mwezi, na baadaye wakalichukua wenyewe. Wamanga ni Waarabu wa kutoka Oman, Washihiri ni wa Hadhramaut, kwa bandari ya al-Shihr, ingawa wengi wao hawakutoka bandari hiyo hata kidogo. Jina la bandari moja linafunika nchi nzima. Shiraz nayo ni mji wa bara, mbali na bahari. Bandari kubwa ya upande ule enzi hizo ilikuwa Siraf, kwa hiyo "Mshirazi" huenda lilisema heshima zaidi kuliko anwani.

Jina lina mwendo

Hatua hii ndiyo wengi huiruka, na kwa Zanzibar ndiyo yenye nyama. Panga matumizi ya jina kwa miaka, ukurasa mmoja kwa kila jina, uone watu walivyokuwa wakiingia na kutoka ndani yake.

Sensa za ukoloni za 1924, 1931 na 1948 zinafaa sana kwa hili. Mwaka 1924 maelfu ya watu waliandikwa Waswahili. Ilipofika 1948 jina hilo lilikuwa karibu limetoweka kwenye madaftari. Watu hawakufa wala hawakuhama. Mswahili lilikuwa limeshakuwa jina la asiye na kwao, la mtumwa wa zamani, na aliyeweza kujiita jingine alijiita. Wahadimu wengi na Watumbatu wakawa Washirazi. Wakati wa Vita vya Pili chakula cha mgao kiligawiwa kwa kufuata jamii, na jina lako likawa linaamua kilichomo kwenye kapu lako. Ndiyo maana takwimu ya kabila ya wakati huo isomwe pamoja na swali: aliyejiandikisha alikuwa anapata nini, au anaepuka nini?

Kisha zikaja siasa. Jumuiya ya Washirazi, iliyoanzia Pemba, iliungana na Jumuiya ya Waafrika tarehe 5 Februari 1957, ikazaliwa Afro-Shirazi, jina la chama lenye kiungo kati ya majina mawili ya watu. 1959 baadhi ya viongozi walijitenga wakaunda chama cha watu wa Zanzibar na Pemba. Itazame "na" hiyo: inaonyesha kwamba "Zanzibar" kwa wengi ilikuwa Unguja peke yake, na Pemba ilistahili kutajwa. Mpaka leo mtu wa Wete, Pemba, husema "nakwenda Unguja", na mtu wa Dar es Salaam akisema anakwenda Zanzibar anakusudia huko huko.

Mzanzibari limekuja kuwa jina la sheria. Kwa Sheria ya Mzanzibari ya 1985, raia wa Tanzania aliyekuwa akiishi Zanzibar kabla ya 12 Januari 1964 na hadi siku hiyo ni Mzanzibari. Aliyezaliwa Zanzibar tangu 26 Aprili 1964 ni Mzanzibari ikiwa ni raia na mzazi wake mmoja au wote wawili ni Wazanzibari. Hapo hakuna zangi wala bar. Kuna tarehe mbili, ya Mapinduzi na ya Muungano, na anayetaka kujua maana ya neno hili kwenye kitambulisho au daftari la kura afungue sheria, aiweke kamusi kando. Kwa Mtanzania hata mzizi wa kale hautafutwi: jina la nchi lilitangazwa Oktoba 1964, na kati ya Aprili na hapo nchi iliitwa Jamhuri ya Muungano wa Tanganyika na Zanzibar. Ukikuta "Watanzania wa 1950" kwenye maandishi ya mtu, ujue hakuwa mwangalifu.

Neno moja juu ya vinasaba, kwa sababu siku hizi huletwa kumaliza ubishi. Utafiti uliochapishwa 2023 ulipima mifupa ya zamani kutoka Mtwapa, Manda, Faza, Kilwa na Songo Mnara. Ulionyesha mchanganyiko: upande wa mama zaidi Waafrika, upande wa baba kwa sehemu kubwa kutoka Uajemi, kuanzia kiasi cha mwaka 1000. Ni ushahidi mzuri wa nani walizaa na nani, kwa makaburi hayo. Mifupa haisemi wenyewe walijiitaje.

Kuandika jibu

Andika kila jina kwa mistari mitano, kwa mpangilio huu: (1) sura ya jina na lahaja yake; (2) mzizi na njia ya sauti, hatua kwa hatua; (3) maandishi ya kwanza na mwaka wake kwa Miladia, na Hijria ikiwa ndiyo iliyoandikwa; (4) aliyelitoa na waliolipokea; (5) matumizi ya leo. Mbele ya kila mstari weka alama moja kati ya tatu: lina ushahidi wa maandishi, lina ushahidi wa sauti tu, au ni simulizi. Usichanganye alama mbili kwenye mstari mmoja. Mstari unaojaribu kubeba mbili ugawe.

Unguja ingeanza hivi: *Unguja (Kiamu: Unguya). L-Unguya katika hati za Kiarabu, lamu ni ya al-, g imeandikwa kwa jimu: sauti. Kuandikwa: al-Jahiz, karne ya 9: maandishi. "Ungo umejaa": simulizi, Unguja mjini.* Kabla ya kuchapa, mpe nakala mmoja wa wazee waliokusaidia akusikilize ukiisoma kwa sauti. Akikunja uso kwenye jina, uliza kwa nini na urudi kwenye mstari wa nne.